Kazi ya Kumuudhi Kicheko

Kila mtu na kazi yake. Wapo wanaoendesha treni, wapo wanaochimba mitaro, wapo wanaokaa nyuma ya dirisha la ofisi na kuwaambia wenzao warudi kesho. Dobi alikuwa na kazi mbili. Ya kwanza ilikuwa kufua mashuka ya hoteli. Ya pili ilikuwa kumuudhi mumewe, na hii ya pili aliajiriwa kabisa, akapewa kitambulisho cha kuning'iniza shingoni, na msidhani kuna chumvi yoyote iliyotiwa hapa.

Mumewe ndiye yule mwimbaji aliyejulikana Ulaya nzima kwa jina la Kicheko. Jina alilopewa na wazazi wake hakuna aliyelitaka, eti lilikuwa refu mno kwa mabango. Alitoka kwao kijana mwembamba mwenye gitaa moja na cheti cha ufundi bomba, akawa anafunga mabomba mchana na kuimba kwenye kumbi za hoteli jioni. Dobi, aliyetoka nchi ile ile na kuangukia kwenye mashuka ya watu, alimkuta katika chumba cha kufulia, amepiga magoti nyuma ya mashine inayovuja, mikono imejaa grisi, anaimba peke yake. Ulikuwa wimbo wa taratibu, wa mtu anayemngoja ndugu yake kituoni. Ile sauti, jamani! Dobi alisahau pasi juu ya shuka mpaka moshi ukatoka. Msimamizi alimsema wiki nzima, na yeye hakujali hata kidogo, maana alikuwa ameshapenda.

Wakaoana, wakapanga chumba chenye dirisha linalotazama ukuta. Wangeishi hivyo na mabomba yao na mashuka yao, wakarudi kwao na uzee wao kama watu wengine. Lakini akatokea Meneja.

Meneja alikuwa mzungu mwenye masharubu, aliyejiita rafiki mkubwa wa Afrika kwa sababu aliwahi kwenda huko likizo mara moja, akarudi ameungua mgongo. Alimsikia Kicheko kwenye ukumbi wa hoteli, akamwita studio. Studio yenyewe ilikuwa chini ya duka la matairi, na harufu ya mpira ilikuwa imeshika mpaka kwenye mazulia yaliyopigiliwa ukutani. Dobi alikuwapo siku hiyo, alimpelekea mumewe shati safi, akaambiwa akae kwenye kiti na asikohoe.

Wimbo uliochaguliwa ulikuwa wa malalamiko. Mpangaji anamwambia mwenye nyumba kwamba paa linavuja, mwenye nyumba anamjibu kesho. Ndiyo hivyo mwanzo mpaka mwisho: paa, kesho, paa, kesho, na mtoto wa mpangaji anapiga chafya. Kicheko aliuimba vizuri, kwa uchungu unaostahili.

"Rudia," akasema Meneja. "Kwa furaha zaidi."

Akarudia.

"Zaidi! Jua! Bahari! Furaha!"

"Furaha ya nini?" akauliza Kicheko. "Paa linavuja."

"Vizuri sana. Rudia, kwa furaha."

Asubuhi ikaisha, mchana ukaingia, tumbo linanguruma, viatu vinabana, na Meneja nyuma ya kioo anapunga mikono na kuonyesha meno yake yote ili Kicheko aige. Mara ya mwisho, katikati ya wimbo, kabla ya kiitikio, jambo likamkatikia Kicheko ndani. Akacheka. Kicheko chenyewe kilianzia chini ya tumbo, kikapanda kwa kishindo, kikapasuka kifuani, kikamalizikia puani kwa mlio mwembamba wa "hiiii". Dobi alipokisikia alishika mkoba wake tayari kuondoka. Kwao hata mtoto anayetambaa anakijua kicheko kile. Ni cha mtu aliyeambiwa arudi kesho mwezi mzima na karani mmoja, kisha akaenda, akaambiwa karani yuko likizo. Mtu akicheka vile huulizi kitu, unapisha mlango.

Meneja akaruka juu. "Hiyo! Hiyo ndiyo! Furaha ya Afrika!"

Na wimbo ukatoka hivyo, na kicheko hicho katikati. Kufikia majira ya joto hapakuwa na duka, saluni wala kituo cha mafuta ambacho hakikuupiga. Watu walicheza, wakarusha mikono, wakabusiana, juu ya paa linalovuja. Watoto wakaiga ile "hiiii" barabarani. Kicheko akaacha mabomba, akashonewa suti ya rangi ya chungwa, akaanza kuonekana kwenye televisheni, na Dobi akawaandikia ndugu zake kwamba mambo yamewanyookea. Mambo yenyewe yalinyooka kwa miezi michache tu.

Tatizo lilijitokeza siku ya kwanza ya televisheni. Wakati wa kicheko bendi ilinyamaza kabisa, maana Meneja alitaka kisikike hivyo hivyo, kitupu. Kicheko akacheka, kikatoka kikavu, kama mtu aliyepaliwa na unga. Akajaribu tena kwenye mazoezi, kikatoka kibaya zaidi. Alikuwa na furaha, na hapo ndipo penye ugonjwa: alikuwa ameshiba, ana viatu vipya, yuko televisheni, angeudhika vipi? Meneja akashika kichwa. Dobi, aliyekuwa amesimama nyuma ya pazia na koti la mumewe mkononi, hakuwa na nia yoyote alipomwambia:

"Na ile pasi nyumbani, ulichomoa?"

"Nilichomoa."

"Una hakika?"

"Nimesema nilichomoa."

"Mimi nilidhani nimeona taa yake inawaka."

"Mama watoto, nilichomoa!"

"Haya. Tukikuta majivu tutajua."

Kicheko akapanda jukwaani anahema, na ulipofika wakati wake kikatoka kile chenyewe, na "hiiii" juu yake. Ukumbi ukalipuka. Kesho yake Meneja alimpelekea Dobi kitambulisho kilichoandikwa "Msaidizi wa Msanii", akamshika mabega kwa mikono miwili na kumwambia kwamba amezaliwa na kipaji.

Kipaji cha kuudhi! Mwanamke aliyelelewa akafunzwa kupokea watu vizuri! Alicheka na yeye siku hiyo, aliona ni mchezo. Akajifunza kazi kama alivyojifunza madoa, doa gani linatoka na nini. Aligundua kwamba Kicheko hawezi kustahimili kuulizwa swali wakati anafunga kamba za viatu. Hawezi kustahimili hadithi iliyokatwa katikati: "Unajua nimesikia nini leo? Aa, basi, acha tu." Hawezi kustahimili kusifiwa binamu yake, yule mwalimu mkuu, aliyejenga. Maneno "si nilikwambia" yalifaa kwa kumbi ndogo. Kwa viwanja vikubwa alimweleza njia ya kwenda mahali ambapo Kicheko amekwenda mara mia. Akishuka jukwaani jasho linamtiririka, Kicheko alimkumbatia na kusema, "Leo umeniweza kabisa," wakaenda zao kula.

Ikawa ndiyo maisha. Mashuka siku za kazi, na siku za mapumziko ni garini, nyuma ya masanduku ya ngoma. Walikwenda kwenye viwanja vya michezo, kwenye meli za watalii, na baadaye, wimbo ulipochakaa, kwenye ufunguzi wa maduka ya magodoro. Kicheko alitunga nyimbo nyingine, nzuri ajabu. Alitunga moja ya mvua juu ya chuma, moja ya mama anayesahau majina ya watoto wake, na ule wa kituoni aliurekodi kwa nguvu zake mwenyewe. Meneja alizisikiliza zote kwa adabu na kuuliza kila mara, "Na kicheko kiko wapi?"

Hata nje ya jukwaa hawakuachwa. Mtu anaingia duka la dawa kununua dawa ya kikohozi, muuzaji anatoa macho: "Ni wewe! Hebu cheka!" Kituo cha basi, cheka. Benki, cheka. Jirani yao wa chini alifariki, wakaenda kuhani, mjane akamshika Kicheko mkono na kusema marehemu aliupenda sana wimbo ule, je, hawezi kucheka kidogo tu kwa ajili yake? Kidogo tu! Kicheko akamtazama mkewe kwa macho ya kuomba msaada. Na Dobi, Mungu amsamehe, akamnong'oneza pale pale mbele ya jeneza kwamba soksi zake hazifanani. Mjane alifurahi sana.

Wengi wangesema hiyo ni riziki, mtu ashukuru. Sawa. Lakini sikilizeni kilichotokea.

Mtu akizeeka damu inapoa. Watoto wao wawili walikua, binti akaolewa, mjukuu akazaliwa, na Kicheko akawa mzee mpole wa kuvaa kofia ya sufu na kuzungumza na mimea yake dirishani. Pasi haikumshtua tena. Binamu alisifiwa mpaka Dobi akachoka, Kicheko akajibu tu, "Alifanya vizuri kujenga." Siku moja, kwenye ufunguzi wa duka la samani, Dobi alimaliza akiba yake yote ya maudhi pale nyuma ya pazia na mumewe bado anatabasamu kama mtoto aliyeogeshwa. Meneja, masharubu yake sasa yamepakwa rangi, alikuwa anamwonyesha saa. Ndipo Dobi akatoa la moyoni, lililokaa miaka chini kabisa, ambalo hakupanga kulitoa popote:

"Baba yangu alizikwa, wewe ukiwa unawachekea watu kwenye duka la magodoro. Ulisema tutaenda. Ulisema onyesho moja tu, halafu tutaenda."

Kicheko akageuka, uso umebadilika. Akapanda jukwaani, akacheka kicheko ambacho hakikuwa kimesikika kwa miaka. Aliposhuka alimbusu mkewe kwenye paji la uso. "Safi sana. Ile ya marehemu mzee ilikuwa kali. Umeitoa wapi?"

Umeitoa wapi! Kana kwamba ameiokota kwenye rafu ya dukani!

Tangu siku hiyo neno lililokuwa na nguvu ni la kweli peke yake, na la kweli likaanza kuliwa. Harusi ya binti yao, ambapo Kicheko alicheza dansi moja na kukimbilia uwanja wa ndege: ilitumika ukumbi mmoja. Magoti ya Dobi, yaliyoharibiwa na kusimama juu ya saruji yenye maji: yalitumika melini. Kila uchungu aliokuwa nao ulipanda jukwaani ukashangiliwa na watu wasiojua wanashangilia nini, ukashuka ukiwa umekwisha. Hauwezi kusemwa tena nyumbani. Akijaribu kuurudia mezani, Kicheko ananyanyua kidole: "Hiyo ulishaitumia."

Basi mambo yalikuwa hivyo Dobi alipotaka kurudi kwao.

Dada yake mkubwa, aliyebaki peke yake baada ya kufiwa, alikuwa amejenga vyumba viwili vya ziada pembeni ya nyumba yake, vina kibaraza na bomba la maji uani. Alimpigia simu kila Jumapili. "Vitanda nimeshaweka," alisema. "Njooni jamani, tuzeeke tukiwa tunaonana." Dobi alikuwa ameshaacha mashuka. Baridi ilimkaa kwenye magoti tangu vuli mpaka majira ya joto. Hakuwa na kitu kingine duniani alichokitaka zaidi ya kukaa kwenye kibaraza kile, mumewe pembeni, anaimba ule wimbo wa kituoni bila mtu kumwambia acheke. Si mengi hayo. Mtu mwingine angeomba gari.

Alimwambia jikoni. Kicheko alikuwa anamenya viazi.

"Baba watoto, nataka turudi nyumbani. Tukae kabisa."

Kicheko akainua uso, akatua kisu, akacheka. Kile kicheko! Jikoni! Na "hiiii"!

"Hiyo usiipoteze hapa," akasema, anajifuta macho. "Iweke ya Jumamosi."

Dobi aliushika mwiko kwa nguvu, kisha akauweka chini taratibu, kwa sababu alijijua.

Alimwambia garini, Kicheko akacheka, akapitiliza barabara ya kutokea, wakajikuta kwenye mji ambao hawakuwa na shida nao. Alimwambia kwa daktari wa meno, akifikiri mtu aliyejazwa pamba mdomoni hana budi kusikiliza. Akacheka na pamba ikaruka. Daktari alipiga makofi. Alimtuma binti yao aseme na baba yake, binti akarudi ameinua mikono: "Mama, ameniambia mnafanya mazoezi." Mwishowe Dobi akapiga moyo konde, akaenda kukata tiketi mbili, za kwenda bila kurudi, akamwekea Kicheko yake juu ya kofia ya sufu, mahali asipoweza kukosa kuiona.

"Jumatatu," akamwambia. "Mimi naondoka Jumatatu."

Kicheko aliigeuza ile tiketi, akaitazama mbele na nyuma. "Mpaka na tiketi!" akasema kwa heshima kabisa. "Mama watoto, huna mpinzani."

Hebu mwenzangu niambie, mtu kama huyu umfanye nini?

Jumamosi kabla ya hiyo Jumatatu kulikuwa na kipindi kikubwa cha televisheni, cha nyimbo zilizotamba zamani, kinarekodiwa mchana katika ukumbi unaonuka rangi mpya. Meneja alikwenda huku na huko na fimbo yake, suti ya rangi ya chungwa ilikuwa imeongezwa kitambaa kiunoni, watu wamejaa mpaka ngazini. "Leo mpe kali kuliko zote," Meneja akamwambia Dobi. "Nchi nzima inatazama."

Usiku uliotangulia Dobi alikuwa ameshaamua. Kama ukali umegeuka kuwa kazi, basi hatatumia ukali. Alimwendea mumewe nyuma ya pazia, akamnyoosha kola, akamshika uso kwa mikono miwili.

"Umependeza," akasema.

Kicheko akasubiri. "Eh?"

"Umependeza sana. Sauti yako bado ni nzuri kama siku ile nyuma ya mashine. Nimefurahi kuwa mke wako, hata uliponichosha. Jumatatu narudi nyumbani, sirudi huku tena. Ningependa tuwe wote."

"Halafu?"

"Halafu basi."

"Malizia, mama watoto. Mbona umeikatia njiani?"

"Imekwisha, mume wangu. Hakuna nyingine."

Jina lake likatangazwa. Kicheko akapanda jukwaani akitazama nyuma, akajikwaa kwenye waya, watu wakashangilia. Akaimba paa, akaimba kesho, akaimba mtoto anayepiga chafya. Bendi ikanyamaza.

Ukumbi mzima ukangoja umeinama mbele. Kicheko alifungua mdomo, hapakutoka kitu. Mpiga ngoma akainua fimbo, akazishusha. Meneja, amekuwa mweupe kuliko alivyozaliwa, akamfinya Dobi mkono: "Sema kitu! Chochote!" Na Dobi alikuwa nacho. Neno moja tu kuhusu binamu lingetosha siku hiyo. Akafunga mdomo.

Kicheko akageukia pazia, na kipaza sauti mkononi, akamuuliza kwa lugha yao mbele ya umati wote ule:

"Ile ya Jumatatu ni ya kazi au ya kweli?"

"Ya kweli," akajibu Dobi.

"Na ile ya jikoni?"

"Ya kweli."

"Ya garini?"

"Ya kweli."

"Ya marehemu mzee?"

"Zote, baba watoto. Zote ni za kweli tangu siku ile ya duka la samani."

Watu wakaanza kucheka chini chini, waliona ni mchezo wa kuigiza. Kicheko alisimama pale, uzee wote umemshukia kwa mara moja. Kisha akauliza, na hili ndilo swali lililomvua Dobi adabu zote alizofunzwa:

"Sasa mbona hukuniambia?"

Dobi hakumbuki alivyotoka nyuma ya pazia. Miaka yote ile hakuwahi kukanyaga jukwaa, na sasa taa zilimpiga usoni na yeye hazioni.

"Sikukuambia? Mimi? Mimi sikukuambia? Nimekuambia jikoni ukacheka! Nimekuambia garini ukacheka, tukapotea! Nimekuambia mbele ya daktari wa meno ukamtemea pamba! Nimekukatia tiketi ukanisifu! Nikuambie wapi tena, nikuandikie kwenye paji la uso? Baba yangu nimemlilia peke yangu chooni, hotelini, kwenye taulo za watu! Halafu nakueleza, unaniuliza nimeitoa wapi! Nimeitoa hapa! Hapa!" Akajipiga kifua. "Nimechoka, unanisikia? Nimechoka kukuudhi! Nilitaka kukupenda tu, kwani ni kazi ngumu kiasi gani hiyo?"

Ukumbi ulivunjika mbavu. Watu walisimama, wakapiga miluzi, wengine wanafuta machozi. Hawakuelewa neno hata moja. Kicheko peke yake ndiye hakucheka. Aliweka kipaza sauti chini, akamshika mkewe mkono mbele ya watu wote, na machozi yakamtiririka mpaka kwenye kola ile.

"Nisamehe," akasema. "Nilikuwa sisikii. Nilidhani unanisaidia."

"Twende nyumbani."

"Twende. Jumatatu. Yametosha."

Wakatoka wameshikana mikono hivyo hivyo, makofi yanawafuata, na Dobi alijisikia mwepesi kama hajawahi kusimama kwenye saruji yenye maji maishani mwake. Vyumba viwili. Kibaraza. Alikuwa anawaza kumpigia dada yake simu hapo hapo.

Meneja akawakuta nyuma ya pazia, ameitupa fimbo, anakimbia. Amelia kwa kucheka, masharubu yamechuja rangi. "Kwa nini hamkunionyesha hiki siku zote? Bwana na bibi! Ugomvi! Watu wa televisheni wanauliza, ukumbi unauliza, wanataka hivyo hivyo, nyinyi wawili, msimu mzima! Na safari hii utaimba na zile nyimbo zako nyingine, Kicheko, zote, ile ya kituoni pia! Nakuahidi! Ziara kubwa, mji kwa mji!"

Dobi alimtazama mumewe usoni. Machozi yalikuwa bado hayajakauka. Mkono wake ulikuwa bado umemshika mkewe, tena kwa nguvu. Na ndani ya macho yale Dobi akaona kitu kidogo kinawaka.

"Miji mingapi?" akauliza Kicheko.

Dobi akauchomoa mkono wake.

"Nauliza tu!" Kicheko akasema haraka. "Mama watoto! Nauliza tu, kuuliza nako ni kosa? Nyimbo zangu, umesikia anavyosema? Msimu mmoja tu, halafu..."

Hakumalizia, kwa sababu hapakuwa tena na mtu wa kumsikiliza mbele yake. Dobi alikwisha kuvua kitambulisho, akamvisha Meneja shingoni, akaenda kutafuta mlango wa kutokea.

Jumatatu alisafiri. Binti yao alimsindikiza, wakakaa kwenye viti vya uwanja wa ndege mpaka ndege yake ikatangazwa mara ya mwisho, kila mtu anayeingia wanageuza shingo. Ndani ya ndege kiti cha pembeni yake kilibaki kitupu, na mhudumu akamuuliza kama kuna mtu anayemngoja.

"Nimemngoja," akasema Dobi. Akaweka mkoba wake kwenye kile kiti, akaufungia mkanda, akalia kwa hasira mpaka wakawa juu ya mawingu.